Ukiambiwa Boksi ni la Dupleksi, Uliza Haya Kabla ya Kulipa

Anayetengeneza sabuni Tanga, anayesaga viungo Unguja na anayefungasha chai Kericho hufika mahali pamoja biashara inapokua: mlangoni kwa mchapaji, wakiulizia bei ya maboksi elfu moja. Jibu huja haraka. "Tutakuwekea dupleksi, gramu mia tatu." Mteja huitikia, hulipa malipo ya awali na kuondoka bila kujua amenunua nini. Siku ya kuchukua mzigo ndipo anapoona boksi limevimba ubavuni, rangi inapasuka kwenye kona, au karatasi iliyotumika si kama ile ya sampuli.

Mara nyingi hapo hakuna mwizi. Tatizo ni kwamba neno dupleksi linataja ukoo mzima wa bodi, na ndani ya ukoo huo bei, nguvu na usalama hutofautiana sana. Oda isemayo "dupleksi" tu humwachia mchapaji maamuzi matano ambayo yalikuwa yako. Makala haya yanaeleza neno hilo lina maana gani, linatumika wapi, na namna ya kuliagiza ili upate ulicholipia.

Dupleksi ni nini hasa

Dupleksi ni karatasi ngumu ya kutengenezea maboksi yanayokunjwa, kama ya sabuni, dawa ya meno, balbu, tishu na vidonge. Ina sura mbili tofauti. Uso wake ni mweupe na laini, tayari kupokea picha na maandishi. Mgongo wake, ambao ndio ndani ya boksi, mara nyingi ni wa kijivu.

Jina lilianzia kwenye wazo la tabaka mbili, lakini bodi za leo huwa na tatu, nne au zaidi. Kiwandani, tabaka za nyuzi hulazwa moja juu ya nyingine zikiwa bado mbichi, kisha huminywa na kukaushwa hadi kuwa kitu kimoja. Tabaka la juu hutokana na nyuzi nyeupe. Za katikati na mgongoni hutokana na karatasi zilizorejelezwa: magazeti, katoni kuukuu, makaratasi ya ofisini. Rangi ya kijivu ni mabaki ya wino wa zamani uliosambaa katika nyuzi hizo. Mwishoni uso hupakwa mchanganyiko wa madini meupe yaliyosagwa, kama kaolini au kalisi kaboneti, pamoja na kinata. Mpako huo ndio unaozuia wino kuzama, na ndio sababu picha hutoka kali kuliko kwenye karatasi ya kawaida.

Ipo pia dupleksi ya mgongo mweupe. Hapa wengi hudanganyika. Weupe wa mgongo haumaanishi kwamba bodi nzima imetokana na nyuzi mpya. Mara nyingi ni tabaka jembamba jeupe lililofunika kiini kile kile cha kijivu. Njia ya kujua ni rahisi: chukua kipande, kirarue polepole kwa pembe, uangalie ndani ya mpasuko. Kiini kikiwa cha kijivu, hiyo ni bodi iliyorejelezwa, mgongo uwe wa rangi yoyote.

Ndugu wa dupleksi

Ukiuliza bei, utasikia majina mengine. Ni vyema kuyatenganisha, kwa sababu mchapaji akikosa aina moja anaweza kukupendekezea nyingine.

Bodi ya aivori ni nyeupe au ya rangi ya krimu hadi ndani, na hutengenezwa kwa nyuzi mpya za miti. Nayo ina aina mbili. Aina inayoandikwa FBB ina kiini cha mbao zilizosagwa kwa mashine, kikiwa katikati ya tabaka za nyuzi zilizopikwa kwa kemikali. Ni nyepesi, nene na ngumu. Aina inayoandikwa SBS imetokana yote na nyuzi zilizopikwa na kung'arishwa. Ni nyeupe tupu, imeshikana, na hupendwa kwa vipodozi na sigara.

Bodi ya krafti ni ya kahawia, ya nyuzi ndefu zisizong'arishwa. Haichaniki kirahisi na huvumilia unyevu kuliko dupleksi, ndiyo maana hubeba pakiti za chupa.

Bodi ya kijivu isiyopakwa, ile ya kujengea majalada magumu ya vitabu na maboksi ya zawadi, huwa nene sana na haikunjwi. Hufunikwa kwa karatasi nyingine yenye picha.

Boksi la mawimbi ni jambo jingine kabisa. Ni katoni ya kusafirishia mzigo, yenye karatasi iliyokunjwa mawimbi kati ya karatasi mbili bapa. Dupleksi humvutia mnunuzi rafuni, na boksi la mawimbi hubeba uzito ndani ya lori. Anayepanga maboksi ya dupleksi hadi darini bila katoni ya nje anaipa kazi isiyo yake, na yatabonyea hata kama bodi ni nzuri.

Herufi zilizo kwenye karatasi ya kiwandani

Bodi nyingi zinazotoka ng'ambo hufika na lebo yenye herufi zisizo na maelezo. Zile za WLC zinamaanisha bodi iliyorejelezwa yenye uso mweupe, yaani dupleksi yetu. Nyingine hufuata utaratibu wa Kijerumani uitwao DIN 19303, ambao ukishauelewa hausahauliki.

Herufi ya kwanza inaeleza uso: G ni uliopakwa, U ni usiopakwa. Ya pili inaeleza nyuzi: Z ni nyuzi zilizopikwa na kung'arishwa, C ni zenye kiini cha mbao iliyosagwa, N ni nyuzi zilizopikwa lakini hazikung'arishwa, T ni zilizorejelezwa zenye mgongo usio wa kijivu, na D ni zilizorejelezwa zenye mgongo wa kijivu. Nambari inayofuata mara nyingi hueleza rangi ya mgongo, 1 ikiwa nyeupe na 2 krimu. Lakini kwenye D inaeleza unene ukilinganishwa na uzito: GD1 imejaa hewa zaidi, GD3 imegandamizwa zaidi.

Kwa hiyo ukiona GD2 kwenye kifungashio, umeona dupleksi ya mgongo wa kijivu. Ukiona GC1, hiyo ni aivori yenye mgongo mweupe. Muombe mchapaji akuonyeshe lebo hiyo. Ni haki yako kama ilivyo haki ya mnunuzi wa saruji kusoma mfuko.

Gramu: namna ya kuzipima nyumbani

"Gramu mia tatu" si uzito wa boksi wala wa shiti. Ni uzito wa bodi hiyo kwa kila mita moja ya mraba, na kwenye ankara huandikwa GSM. Dupleksi huuzwa zaidi kati ya gramu 200 na 450.

Kipimo hiki unaweza kukihakiki mwenyewe kwa mizani ndogo ya jikoni ya kidijitali. Kata vipande 10 vya bodi, kila kimoja sentimita 10 kwa 10, kwa rula na kisu kikali. Kwa pamoja vipande hivyo ni sehemu ya kumi ya mita ya mraba. Vipime kwa pamoja, kisha zidisha jibu kwa 10. Vikiwa na gramu 30, bodi yako ni ya 300. Vikiwa na gramu 25, umepewa ya 250. Tofauti ya asilimia chache, kama 5, ni ya kawaida kutoka kiwandani. Tofauti ya gramu 50 si ya kawaida, na unapaswa kuuliza.

Kuuliza huko kuna fedha ndani yake. Bodi hutoka kiwandani ikiuzwa kwa tani, lakini wewe hununua kwa shiti au kwa boksi. Shiti la sentimita 70 kwa 100 la gramu 300 lina uzito wa gramu 210, hivyo tani moja hutoa mashiti 4,761. Shiti la ukubwa huo la gramu 250 lina gramu 175, na tani hiyo hiyo hutoa mashiti 5,714. Anayelipia 300 na kupewa 250 amepoteza sehemu ya sita ya bodi yake bila kuona. Na ambaye bidhaa yake ingetosheka na 250 lakini akaagiza 300 kwa hofu, anaongeza gharama kwa kila boksi analouza.

Kama kianzio cha mazungumzo, boksi dogo la kipande cha sabuni au tyubu huanzia gramu 250 hadi 300. Bidhaa inayokaribia nusu kilo huhitaji 300 hadi 350. Kuzidi hapo, tafuta 400, au omba bodi ya mawimbi membamba yenye uso wa dupleksi. Haya ni makadirio. Kipimo cha mwisho ni sampuli iliyojazwa bidhaa yako halisi.

Unene na ugumu haviendi sawa na gramu

Bodi mbili zenye gramu sawa zinaweza kuwa na unene tofauti. Dupleksi ya gramu 300 huwa na unene wa karibu milimita 0.4. FBB ya gramu hizo hizo hufika karibu milimita 0.5, kwa sababu mbao iliyosagwa hushikilia hewa katikati yake.

Kwa macho tofauti hiyo ni ndogo, lakini kwa boksi ni kubwa. Ugumu wa bodi hupanda haraka kuliko unene wake: bodi ya aina moja ikiongezwa unene mara mbili, ugumu hukaribia kuongezeka mara nane. Ndiyo maana FBB ya gramu 250 inaweza kusimama sawasawa na dupleksi ya 300, na kwa kuwa ni nyepesi, ikakupa mashiti mengi zaidi kwa tani. Kwa hiyo usilinganishe bei ya kilo kwa kilo. Linganisha bei ya boksi moja linalofanya kazi yako. Wakati mwingine aivori, inayoonekana ghali kwenye orodha, hukaribiana na dupleksi hesabu ikifika mwisho. Wakati mwingine dupleksi hushinda kwa mbali. Omba bei zote mbili.

Mkondo wa nyuzi

Hili ndilo swali ambalo wateja hawalijui kabisa, na ndilo husababisha maboksi kuvimba. Bodi inapotengenezwa, nyuzi hulala zikielekea upande mashine inakokimbilia. Bodi huwa ngumu zaidi ukiikunja kukatisha nyuzi hizo, na laini zaidi ukiikunja kuzifuata. Tofauti hufika karibu mara mbili au zaidi.

Chukua kipande cha mraba, ukipinde taratibu upande mmoja kisha mwingine. Utahisi upande mmoja unagoma. Au loanisha mgongo wake kwa maji kidogo: kitajikunja kama bomba, na bomba hilo litalala kufuata nyuzi.

Katika maboksi mengi yanayosimama, nyuzi zinapaswa kuzunguka boksi kwa mlalo, zikikatiza mikunjo minne ya wima. Hapo kuta hubaki bapa. Nyuzi zikisimama wima, kuta huelekea kuvimba nje bidhaa ikiwekwa.

Sasa tazama jinsi mvutano unavyozaliwa. Tuseme boksi lako likifunguliwa lote ni sentimita 19 kwa 24. Kwenye shiti la 70 kwa 100, ukilipanga kwa njia moja unapata maboksi 10. Ukiligeuza unapata 12. Mchapaji atapenda kugeuza ili aokoe bodi, na si kosa kuokoa. Lakini kugeuza huko hugeuza pia mkondo wa nyuzi. Mwambie mapema nyuzi zikae wapi, umwache atafute shiti ambalo nyuzi zake zinafuata upande unaofaa. Mashiti huuzwa kwa mikondo yote miwili.

Mikunjo isiyopasuka

Bodi nzito haikunjwi kwa mkono tu. Huwekwa alama ya mkunjo kwa ukingo butu wa chuma, huku visu vikikata umbo la boksi. Mbinu ya kufanya mambo hayo mawili kwa mpigo mmoja inahusishwa na Robert Gair, mzaliwa wa Scotland aliyekuwa na kiwanda cha mifuko ya karatasi Brooklyn, Marekani. Mwaka 1879 chuma kilichopaswa kukunja mifuko ya mbegu kilikaa vibaya na kuikata. Akaona kwamba mashine moja inaweza kukata na kukunja kwa pamoja, na maboksi ya bei nafuu yakawezekana kwa wingi.

Kwako wewe, jaribio ni hili: kunja sampuli kwenye mikunjo yake hadi mwisho, kisha itazame kwenye mwanga. Rangi ikipasuka na weupe au ukijivu kujitokeza, mkunjo haukuwekwa vizuri, au bodi imekauka mno, au mpako wake ni mgumu. Vanishi na plastiki nyembamba ya juu huzuia mikwaruzo na kusaidia kuficha mpasuko, lakini plastiki hiyo huifanya bodi iwe ngumu kurejelezwa. Kama bidhaa yako haikai kwenye maji wala friji, vanishi inatosha.

Chakula: hapa usilegeze

Dupleksi ya mgongo wa kijivu haipaswi kugusana moja kwa moja na chakula chenye mafuta, kama keki, visheti, sambusa au karanga za kukaanga. Hata chakula kikavu kama mchele, unga na nafaka za kifungua kinywa kina hatari yake.

Sababu imefanyiwa utafiti. Karibu mwaka 2010, wanakemia wa maabara ya serikali ya jimbo la Zürich, Uswisi, akiwemo Koni Grob, walionyesha kwamba mafuta ya madini yaliyotumika katika wino wa magazeti hubaki ndani ya bodi iliyorejelezwa. Hutoka humo kama mvuke na kuingia kwenye chakula kikavu, hata kwenye joto la kawaida la chumba. Mwaka 2012 Mamlaka ya Usalama wa Chakula ya Ulaya ilitoa tathmini yake na kueleza kuwa baadhi ya kemikali katika mafuta hayo huenda zikasababisha saratani. Sababu hiyo hiyo inatosha kuacha kufunga maandazi kwa gazeti, desturi ambayo bado ipo mitaani kwetu.

Si kila mfuko wa ndani unaoleta usalama. Mvuke huo hupita kwenye karatasi na kwenye plastiki laini ya polithini, ile ya mifuko ya kawaida. Unaozuia vizuri ni mfuko wenye tabaka la alumini au plastiki ya aina ya PET. Kwa hiyo mfanyabiashara wa chakula ana njia mbili. Atumie dupleksi nje na mfuko wenye kizuizi ndani. Au atumie bodi ya nyuzi mpya, na amtake msambazaji ampe cheti cha mtengenezaji kinachosema bodi hiyo, pamoja na wino na gundi, inafaa kwa chakula. Anayenunua keki yako amekuamini, wala hana njia ya kujua ulichomwekea chini yake.

Kwa sabuni, mishumaa, betri, vipuri na vitu vya shuleni, dupleksi ya kijivu ni chaguo jema kabisa. Imetumia taka iliyokuwepo, na bei yake inamsaidia anayeanza.

Unyevu wa pwani na stoo

Bodi ni nyuzi, na nyuzi hunywa unyevu kutoka hewani. Maabara hupima bodi kwenye nyuzijoto 23 na unyevu wa asilimia 50. Hewa ya Mombasa, Dar es Salaam au Zanzibar huwa na unyevu mwingi zaidi ya huo, na wakati wa masika huzidi sana. Bodi iliyosimama vizuri kwenye kipeperushi cha kiwanda hulegea ikifika pwani. Anayeuza pwani aongeze daraja moja la gramu juu ya lile linalotosha bara, au ajaribu sampuli kwa kuiacha dukani wiki mbili ikiwa na bidhaa ndani.

Stoo yenyewe ina kanuni chache. Usiweke maboksi sakafuni, yaweke juu ya mbao. Yaache mbali na ukuta, kwa ajili ya unyevu na mchwa. Yalaze bapa, yakiwa yamefungwa, na ufungue furushi siku ya kutumia. Uso uliopakwa na mgongo usiopakwa hupokea unyevu kwa kasi tofauti, ndiyo maana mashiti yaliyoachwa wazi hujipinda na gundi ikakataa kushika.

Oda iliyokamilika

Yote haya yanakaa katika ujumbe mfupi. Badilisha takwimu ziendane na bidhaa yako, kisha umtumie mchapaji kwa maandishi:

"Habari za kazi, fundi. Naomba bei ya maboksi 1,000 ya sabuni. Bodi: dupleksi ya mgongo wa kijivu, uso uliopakwa, gramu 300, unene usiopungua milimita 0.38. Nyuzi zizunguke boksi kwa mlalo. Rangi nne upande mmoja, vanishi, bila plastiki. Naomba pia bei ya aivori ya gramu 250 kwa kulinganisha. Kabla ya kuchapa zote, nitengenezee boksi moja tupu la bodi hiyo hiyo nilijaribu na bidhaa. Ukikosa bodi hii, niulize kwanza kabla ya kubadilisha."

Boksi la majaribio likikuridhisha, liandike tarehe, mtie saini wewe na mchapaji, kisha ulihifadhi pamoja na risiti. Mzigo ukija, chomoa boksi moja juu, moja katikati na moja chini ya furushi. Yararue, yapime, yakunje, na uyalinganishe na lile lenye saini. Fanya hivyo ukiwa bado pale kwa mchapaji, kabla ya kumaliza malipo. Mchapaji mwaminifu hatakasirika. Atajua kwamba amepata mteja anayejua anachonunua, na kwenye oda inayofuata mtaelewana kwa maneno machache zaidi.